Mjapani wa Mhunze

Mwilini nina alama tatu za vita, na zote nimezipata bila kushika bunduki. Ya kwanza iko juu ya nyusi: mzee mmoja wa Kahama, askari wa Mjerumani enzi zake, alikuwa ananionyesha singe inavyochomwa, akasahau kwamba nyuma ya kamera kuna mtu. Ya pili iko gotini: niliambiwa niruke handaki, nikaruka, handaki likawa pana kuliko maelezo. Ya tatu siionyeshi watu. Niliipata mahabusu, nilipopiga filamu ya daraja ambalo kumbe lilikuwa siri, ingawa malori yote ya pamba yalipita juu yake mchana kweupe.

Naitwa Telesphori, mtoto wa Ushirombo. Seminari ilinifukuza mwaka wa pili kwa kucheka wakati wa sala ya kimya. Nikabeba mashine ya sinema ya bure vijijini, baadaye nikapewa kamera. Mwaka 1966 ofisi yetu ya filamu ya serikali ilikuwa na wapiga filamu watatu. Mmoja aliogopa maji, akapewa kilimo. Wa pili aliogopa ng'ombe, akapewa uvuvi. Mimi nilipoulizwa naogopa nini, nikajidai siogopi kitu. Nikapewa vita.

Basi kwa miaka kumi na saba nikawa mtu wa vita: vya machifu, vya Mjerumani, vya Mwingereza. Vita vikiisha ndipo mimi nafika, kama mtu anayekuja kukusanya viti baada ya harusi. Lakini niliipenda kazi hiyo. Mzee akikaa mbele ya kamera, akavuta pumzi, akasema "siku ile...", mimi nywele zinanisimama, nasahau hata njaa. Hakuna kazi nyingine iliyowahi kunisahaulisha njaa.

Mwezi wa sita mwaka 1983, wakati hata sabuni ilikuwa inatafutwa kwa kuulizana pembeni, Mkurugenzi aliniita.

"Telesphori, nimeangalia filamu zako tatu za mwisho. Zote ni wazee wamekaa kwenye viti, wanasahau."

"Ndiyo historia yenyewe, mzee."

"Hiyo si historia. Hiyo ni kliniki." Akavuta droo, akatoa kopo moja la bati, akaliweka mezani polepole kama mtu anayeweka yai. "Mkanda wa mwisho huu, dakika kumi na moja. Mwingine mpaka fedha za kigeni zipatikane. Sherehe ya mashujaa iko Septemba. Nataka vita vya Bama, kule Asia, askari wetu wa Keya, jeshi la Mwingereza, wakimtoa Mjapani juu ya kilima. Nataka watu wanapanda, wanapigana, wanashinda. Ukirudi bila ushindi, watu wa mifugo wanatafuta mpiga filamu wa kideri."

"Kideri cha kuku?"

"Wewe unakijua cha watu?"

Naomba nieleweke: sina ugomvi na kuku, nawala. Lakini kuku hajawahi kuvuta pumzi akasema "siku ile". Nilitoka ofisini nimelikumbatia lile kopo kama mtoto mchanga.

Tukaondoka watu wawili. Landrova niliendesha mwenyewe, maana dereva alizitazama tairi zake akapata homa. Mwenzangu alikuwa Euphrasia, mnasa sauti, mzaliwa wa Chato, mwanamke mwenye masikio yanayosikia sisimizi wakigombana na mdomo usioogopa bosi. Tukaenda Mhunze, kusini kabisa kwenye vumbi la pamba la Shinyanga, kwa sababu huko alikuwako Sajini Mabula.

Sajini Mabula alikuwa na umri wa miaka sitini na tatu, mrefu, mkavu, na kofia ya Keya yenye ukingo uliopinda upande mmoja. Kila mtu Mhunze aliijua hadithi yake ya Bama. Kilima kilikuwa kirefu, mvua kubwa, Mjapani amejaa juu. Sajini alipanda peke yake, akakiteka. Ukimuuliza kwa nini peke yake, hujibu hapo hapo: "Wenzangu walikuwa bado wanafunga viatu." Watu huangua kicheko, na mtu humwongezea pombe.

"Shikamoo, Sajini," nikamwamkia.

"Marahaba, mwanangu. Umekuja na kamera kubwa au ndogo?"

"Kubwa."

"Ndiyo inayotosha kilima kile."

Mkewe, Bi Limi, ambaye wote tulimwita Mama Justina, alikuwa anapepeta mtama uani. Hakuinua hata uso. "Tulianza kukiteka kilima hicho nikiwa na mimba ya Justina," akasema. "Justina sasa ana watoto sita. Bado tunateka tu."

Wengine walikuwa wabaya zaidi yake. Mtu mmoja anayeitwa Mageni aliniambia mbele ya Sajini mwenyewe: "Usidanganyike, ndugu wa filamu. Huyu Bama yake iko Geita. Wenzake walienda vitani, yeye alikuwa anafagia mgodini kwa Wazungu."

Sajini alicheka pamoja nao. Ila niliona mkono wake unaigeuza ile kofia, inazunguka, inazunguka.

Kilima kilipatikana, maana Mhunze mawe hayakosekani. Msitu wa Bama ulikuwa shida. Miti yenyewe ya kuhesabu. Tukaamua shamba la mkonge chini ya kilima liwe msitu.

"Bama mvua ilinyesha miezi mitano bila kupumua," Sajini akalalamika, akiugusa mkonge kwa kidole. "Viatu vilioza miguuni. Hapa hata chura ni hadithi ya mababu."

"Filamu haionyeshi unyevu, Sajini."

"Na miiba?"

"Miiba itajionyesha."

Baruti aliileta Ignas, mtu wa Geita, fundi wa kulipua tangu mgodi mkubwa haujafungwa. Siku hizo alikuwa akichimba mwenyewe kwenye duara lake, yaani shimo la dhahabu la mtu mdogo. Alipima baruti kwa kikombe cha chai. "Nimelipua mwamba miaka ishirini," akaniambia, "Mjapani ndiyo kwanza. Ni mgumu?" Tukapatana: mlipuko mmoja tu, pembeni ya kilima mbali na watu, mwishoni, Keya wakifika kileleni. Nikitikisa leso yangu nyeupe, alipue.

Zikabaki pande mbili za jeshi. Nilihitaji watu arobaini arobaini, wenye nguvu, wanaojua kwenda pamoja na kumsikiliza kiongozi. Mwezi wa saba Usukumani pamba imeshauzwa, ngoma zimeanza, na vyama viwili vya ngoma, Bagika na Bagalu, viko tayari kama jeshi kweli, kila kimoja na manju wake, yaani mtunzi na kiongozi. Nikajiona mjanja kama sungura. Majeshi mawili yaliyokwisha kufundishwa, tena bure, kwa sabuni kidogo na chumvi! Nikamwita manju wa Bagika, mtu mpole anayeitwa Januari, na manju wa Bagalu, ambaye ndiye yule Mageni wa maneno makali. Bagika nikawafanya Keya. Bagalu nikawafanya Mjapani.

"Sawa," Mageni akasema.

"Mtakaa juu ya kilima."

"Sawa. Juu tunaonekana vizuri."

"Keya watapanda, mtapambana kidogo, halafu mtashindwa."

Mageni akanitazama kwa mshangao wa kweli. "Tushindwe kwa nini? Bado hatujacheza."

Watu wote wakacheka. Mimi nikacheka kuliko wote. Ningekuwa na akili ningelia.

Nifafanue kosa langu, maana ni kosa la Msumbwa kama mimi anayejidai anawajua Wasukuma. Bagika na Bagalu wakikutana uwanjani, wanacheza kwa wakati mmoja, hawa huku na hawa kule. Hakuna refa. Refa ni watazamaji. Wanaopenda huku wanakimbilia huku, wakivutiwa kule wanahamia kule, na jua likishuka, upande wenye watu wengi ndio umeshinda. Chama kikikosa watu, wachezaji wake wanaketi chini, na mwaka mzima wanatembea kando ya barabara. Kumwambia manju ashindwe kabla ngoma haijapigwa ni kama kumwambia padri akane Kanisa, ila kwa sababu ya picha tu.

"Yule hakutania," Euphrasia akaniambia tulipokuwa tunarudi.

"Alitania."

"Telesphori, mimi nasikia kwa mshahara. Yule hakutania."

Sikumsikiliza. Siku tatu nzima Bagalu walifanya mazoezi ndani ya ua wa mkonge, mwiko mtu kuchungulia. Tulisikia nyundo na msumeno. Nikamwambia Euphrasia: "Unaona nidhamu? Hata jeshini sijaona nidhamu hii." Keya tuliwashonea kaki. Mjapani alivaa magunia ya pamba yaliyotobolewa mikono, na kichwani nusu ya kibuyu. Kwa mbali, na vumbi likiwa zuri, wangepita.

Siku ya vita ilipofika, watu walifurika kutoka kila upande, na baiskeli, na watoto migongoni, na viti vyao kichwani. Nilifurahi kwamba wananchi wanaipenda historia. Kumbe habari iliyotembea vijijini haikuwa ya filamu. Ilisema hivi: Bagika na Bagalu wanakutana Mhunze, mmoja chini, mmoja juu.

Nikaweka mkanda. Dakika kumi na moja. Euphrasia akavaa vipokea sauti vyake. Sajini akasimama mbele ya Keya, kofia imekaa, kifua mbele, bunduki ya mti begani.

"Sajini, uko tayari?"

"Mimi nilikuwa tayari tangu mwaka arobaini na nne," akasema.

Dakika nne za kwanza sitazisahau. Keya walitoka kwenye mkonge wakiwa wamejikunja, miiba inawachoma kiasi kwamba nyuso zao zilikuwa za vita kweli. Walipanda mwamba baada ya mwamba. Januari alikuwa anawapigia ngoma kwa chini, taratibu, kama moyo. Watazamaji walikuwa chini pamoja nao, wanapiga vigelegele. Nikasema moyoni: Telesphori, kuku hawakupati.

Dakika ya tano Keya wa kwanza akafika juu, akamwelekezea Mageni bunduki ya mti. "Pa! Umekufa!"

"Nani kasema?" Mageni akauliza, amesimama tu.

"Sajini kasema!"

"Sajini ni wa upande wenu."

"Mageni, anguka!" nikapiga kelele kutoka chini. "Anguka, baba!"

Mageni akawageukia watu wake, akainua mkono. Nyuma ya kilima ikapanda sauti ya ngoma ambayo sijawahi kuisikia, nzito, inayokwenda mbio, na juu ya jiwe la kilele ikatokea ndege. Ndege ya kivita, urefu wa Landrova mbili, ya nguzo za mkonge na mashuka, imebebwa na watu sita wenye vibuyu kichwani, na panga lake la mbele linazunguka kweli, maana ndani alikaa mtu anayekanyaga pedali za baiskeli. Ikainama kulia, ikainama kushoto, ikageuka juu ya kichwa cha kilima kama mwewe. Kisha tumbo lake likafunguka, ikaanza kumwaga mabomu.

Yalikuwa karanga. Karanga za kukaanga, debe zima.

"Mayu wee!" mwanamke mmoja akalia kwa furaha karibu yangu, na hapo umati ukatimka. Watoto walitangulia, kina mama wakafuata na khanga wamezitandaza mikononi, wazee wakapanda kwa magoti. Nilimwona diwani. Nilimwona katekista. Watu wote wa Mhunze walikuwa wanakipanda kilima kwenda kwa Mjapani, na Keya wangu wamebaki katikati ya mawe, peke yao, kama kuku waliotoka nje ya tundu wakaikuta mvua.

Jasho likanitoka. Mkono mmoja uko kwenye kamera, mwingine ukaingia mfukoni, ukatoa kitambaa, nikajifuta uso. Kilikuwa leso yangu nyeupe.

Ignas ni mtu wa kazi. Aliona leso, akalipua.

Kilima kiliruka. Mwangwi ulienda ukagonga upande wa pili ukarudi. Watu walijilaza juu ya karanga zao. Na mimi, katikati ya moshi, nikaona kitu kimoja tu kinachotembea: Sajini Mabula. Alikuwa ameitazama ile ndege mdomo wazi. Kisha akaitupa bunduki ya mti, akageuka, akakimbia.

Hakukimbia kimchezo. Alishuka kilima kile akiwa na miaka sitini na tatu kama mtu wa ishirini na mitano, anaruka mawe, kofia imeanguka, akapita kwenye mkonge bila kuona miiba, akapotea.

Miaka kumi na saba ya filamu za vita imenifundisha jambo moja: anayekimbia ndiye mwenye habari. Nikang'oa kamera kwenye miguu yake, nikaiweka begani, nikamfuata. Euphrasia nyuma yangu na kinasa sauti, anapiga mbio na kulaani. Tulimkuta nyuma ya jiwe kubwa, ameketi, amekumbatia magoti. Alikuwa anacheka. Alikuwa pia analia. Mambo hayo mawili yalikuwa yanapokezana usoni mwake.

Nikaangalia kipimo cha mkanda. Dakika mbili.

Ningeweza kurudi juu. Dakika mbili zinatosha kuwabembeleza Bagalu kumi walale chini. Zinatosha ushindi. Nilisimama pale na kamera begani, na kuku wote wa Tanzania walikuwa wananitazama.

"Hiyo inasikia?" Sajini akauliza, akionyesha kinasa sauti.

"Inasikia, baba," Euphrasia akasema.

"Basi isikie vizuri, maana sitarudia." Nikabonyeza. Akavuta pumzi. "Siku ile... kilima hatukukiteka. Tulipanda asubuhi, ndege ikaja hivi hivi, nikakimbia. Sisemi tulikimbia. Mimi ndiye nilianza. Nyuma yangu alikuwako Gelasius, mtoto wa Bukombe, tumelala hema moja tangu tulipoandikishwa. Kiatu chake kilikuwa kimefunguka. Akaniambia: Mabula, ningoje nifunge kiatu. Nikamwambia: funga. Sikungoja." Akajifuta pua kwa mkono wa kaki. "Kilima walikuja kukiteka wengine, wiki ya pili. Mimi nilikuwa hospitali, tumbo la kuhara. Miaka thelathini na nane nawaambia watu kwamba wenzangu walikuwa wanafunga viatu. Alikuwa mmoja."

Kamera ikatoa ile sauti ya mkanda uliokwisha, kama mtu anayefyonza meno.

Juu kilimani Bagalu walikuwa wanaimba. Chini Bagika walikuwa wameketi wote, Januari ameinamisha kichwa juu ya ngoma, kama desturi inavyotaka. Mageni akashuka na kibuyu chake kichwani, jasho linamtiririka. Akanishika mkono kwa mikono miwili.

"Umepata picha yetu?"

"Nimeipata."

"Wabeja, asante sana! Na ile ndege?"

"Imo."

"Nilijua," akasema. "Ungetuambia mapema kwamba tushindwe kwa uongo, tungekudanganya vizuri. Lakini mbele ya watu wote hawa? Na wakwe zangu wamekuja?"

Wakati wa kuaga nilimvuta Sajini kando. Nikamwambia kwamba yale maneno ya nyuma ya jiwe, akitaka, nitayakata na kuyachoma, hakuna atakayejua.

Akaigeuza kofia yake, iliyookotwa kilimani. "Yaache. Sina nguvu ya kukimbia mara ya tatu."

Ofisini filamu ilisafishwa, nikakaa nayo kwenye meza ya kukatia. Kwanza Euphrasia aliipitisha kinyumenyume kwa utani: karanga zinaruka kutoka midomoni mwa watu kuingia tumboni mwa ndege, na Sajini anakipanda kilima kwa kasi, makalio mbele, shujaa wa ajabu. Tulicheka mpaka mhasibu akaja kugonga mlango. Kisha nikaanza kazi ya kweli. Nikachukua Keya wanavyopanda. Nikaunga mlipuko. Nikaunga umati unaokimbilia juu, halafu watu wanaoshangilia kileleni. Vumbi lilikuwa jingi, magunia hayakutofautiana na kaki. Ukikaa mita kumi, ungeapa kwamba Keya wamekiteka kilima na wananchi wamewafuata kwa furaha. Ulikuwa ushindi mzuri kuliko wote niliowahi kuutengeneza. Sikuwa nimedanganya hata picha moja. Nilikuwa nimezipanga tu.

Zile dakika mbili za Sajini zilikuwa zinaning'inia kwenye msumari, karibu na kikapu cha takataka.

Euphrasia akaziona. Alinivalisha vipokea sauti, akabonyeza mashine kwenye maneno ya Sajini. Alikuwa mmoja. Akarudisha nyuma. Alikuwa mmoja.

"Unanionea," nikamwambia.

"Mimi nasikia kwa mshahara," akasema. "Wewe je?"

Nikaufungua ule ushindi, kipande kwa kipande, nikaviunga vipande kama vilivyotokea.

Mkurugenzi aliitazama filamu akiwa peke yake na mimi. Ndege ilipotokea akaegemea mbele. Sajini alipomaliza kusema, Mkurugenzi akawasha taa.

"Ushindi uko wapi?" akauliza.

"Haukuwepo, mzee."

"Na wale wa magunia wanashangilia nini?"

"Wao ndio walioshinda."

"Wajapani?"

"Wa Mhunze."

Akavua miwani, akaifuta muda mrefu kuliko uchafu uliokuwamo. "Sherehe watapigiwa bendi," akasema. "Hiyo filamu ichukue. Mimi sijaiona. Na Jumatatu uripoti kwa watu wa kideri." Nilipofika mlangoni akaniita. "Telesphori. Ile ndege... pedali za baiskeli?"

"Pedali za baiskeli, mzee."

"Shenzi," akasema, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue nilimwona akicheka.

Hivyo ndivyo nilivyohamia kwenye kuku. Nimejifunza mengi. Kuku anatazama kamera kwa jicho moja moja, na hakuna anayekubali kufa pale unapotaka. Nilipohitaji mchezo wa chanjo dhidi ya kideri, nilirudi Mhunze, safari hii nikiwa na akili: Bagalu nikawapa chanjo. Bagika wakakataa katakata kuwa kideri. Tukacheza chanjo dhidi ya chanjo, na ofisi ya mifugo ikasema imeelimika.

Lakini kabla ya hapo, Oktoba ya mwaka ule ule, nilipeleka filamu ya kwanza ya kuku Mhunze. Tuliionyesha mchana, ndani ya ghala la pamba, milango imefungwa na madirisha yamezibwa kwa magunia. Kuku walipokwisha, nikaweka ile nyingine. Sajini alikuwa ameketi mbele na kofia yake, Mama Justina kando. Watu walicheka walipojiona wanagombea karanga. Diwani alizomewa. Kisha Sajini akakimbia, na nyuma ya jiwe akasema maneno yake, na ghala zima likaacha sinema, likamtazama yeye.

Nilijuta. Nilitaka kuvunja mashine.

Akasimama Mageni. Nikasema, sasa anamtangazia Geita na ufagio wake.

"Sajini," Mageni akaita. Sauti yake ilikuwa ndogo, si ya manju. "Kumbe ulikuwa Bama kweli."

Sajini akageuka polepole.

"Mimi ni mtunzi," Mageni akaendelea. "Nawajua watunzi. Mtu akitunga, anatunga ushindi. Kukimbia hakutungwi." Akavua kofia yake. "Shikamoo."

Na ghala lote, mmoja mmoja, wakamwamkia upya, kana kwamba amefika jana kwa meli. Sajini alijibu marahaba nyingi mpaka sauti ikakatika. Mama Justina alisubiri awe wa mwisho, akamwambia: "Twende nyumbani. Nimechoka kukipanda kile kilima."

Habari kama hizo hazikai Mhunze. Kabla ya Krismasi nilikuwa na barua kumi na nne. Mzee mmoja wa Kahama aliandika: na mimi nilikimbia, tena siku mbili. Mwingine wa Geita alitaka kusimulia jinsi alivyojificha kwenye sufuria la jeshi. Mkanda sina. Lakini kila mkanda wa kuku una dakika moja au mbili zinazobaki mwishoni, ambazo hakuna anayeziulizia. Tangu hapo kila nilipokwenda kuchanja, nilikwenda pia kwa mzee, nikamweka mbele ya kamera, akavuta pumzi. Euphrasia anayaandika makopo hayo "KUKU: MAJARIBIO". Mpaka leo yapo kabatini, na ndiyo kazi yangu yote ya vita yenye thamani.

Barua ya kumi na tano ilitoka Bukombe, kwa mwandiko wa mtu aliyefundishwa na masista. Salvina, dada yake Gelasius. Aliandika kwamba wao waliletewa karatasi tu, imesema amekufa, haikusema alikuwa anafanya nini. "Sasa tumesikia alikuwa anafunga kiatu," aliandika. "Tumecheka na kulia. Huyo ni yeye kabisa. Hata misa ilikuwa inaanza, yeye bado yuko mlangoni anafunga kiatu, na Baba anasema tumngoje, na sisi tunaingia. Mwambie huyo mzee aje. Hakuna mtu aliyewahi kumngoja Gelasius."

Nilimsomea Sajini barua hiyo mara tatu. Mara ya nne akaichukua, akaikunja, akaiweka ndani ya kofia.

Tulikwenda Bukombe mwezi wa pili, na masanduku manne ya chanjo nyuma ya Landrova. Salvina alitupokea uani, bibi mfupi mwenye rozari shingoni. Sajini alisimama wima kama yuko gwaride. Bibi akamtazama kutoka kofia kwenda chini, akafika miguuni, akatikisa kichwa.

"Karibu, kaka," akasema. "Kiatu chako kimefunguka. Funga, tunakungoja."

Nilikuwa na dakika moja na nusu ya mkanda wa kuku. Niliitumia yote pale pale, kwa mzee aliyeinama uani, ambaye vidole vyake vilikataa kabisa kufunga fundo.